Mwenye Shamba Mbele ya Serikali

Tarehe 1 Julai 1890, mjini Berlin, Mwingereza na Mjerumani walitia sahihi mkataba wa kugawana nchi ambazo wengi wao hawakupata kuzitia machoni. Sisi watu wa pwani twaukumbuka mkataba ule kwa kuwa ndio ulioiweka Zanzibar chini ya himaya ya Mwingereza, na ndio uliomfanya Sultani auache mwambao wa Mrima kwa Wajerumani kwa fidia ya marki milioni nne. Aghalabu hadithi yetu huishia hapo. Lakini karatasi ile ile ilikuwa na kifungu kingine kilichopiga mstari kuanzia Ziwa Nyasa, ukafuata mto Songwe, ukapita nyanda za juu mpaka Ziwa Tanganyika. Mwaka 1898 wakaja wapimaji wa pande zote mbili, wakautia mstari ule juu ya ardhi. Leo mji wa Tunduma umekaa juu ya mstari huo.

Wanyamwanga wakajikuta ndugu hawa wako Tanganyika na ndugu wale wako Rhodesia ya Kaskazini, ambayo siku hizi ni Zambia. Wenye mashamba na wenye makaburi ya wazee wao hawakuitwa Berlin, wala wapimaji hawakuja kuwauliza. Walikuja kuweka alama. Kwa hiyo mtu wa Tunduma na mtu wa Bagamoyo, japo wametengana kwa mamia ya maili, ardhi zao ziliamuliwa siku moja, na wote wawili hawakuwapo barazani.

Nimeanza na habari hiyo, ndugu msomaji, kwa sababu makala haya yahusu jambo moja tu: haki ya mwenye ardhi kusikilizwa kabla serikali haijaamua. Sisemi habari za nani ashinde. Barabara lazima zijengwe, na hospitali haziwezi kuelea hewani. Serikali yoyote duniani itahitaji ardhi ya watu, na mara nyingine haja hiyo itakuwa ya kweli. Ninachotaka kukieleza ni kwamba kusikilizwa ni haki yenyewe, mbali na matokeo yake. Na kwamba uamuzi ule ule mmoja waweza kuwa dhulma ukitolewa bila kumsikiliza mtu, ukawa uadilifu ukitolewa baada ya kumsikiliza.

Wanavyuoni wetu hawakulichukulia jambo hili kuwa dogo. Mtume (s.a.w.) alipompeleka Sayyidna Ali (r.a.) Yemen kuwa kadhi, naye angali kijana, alimfundisha kwamba wakikaa mbele yake watu wawili asimhukumie wa kwanza mpaka amemsikia wa pili kama alivyomsikia wa kwanza. Kila mwalimu wa chuo ayajua haya kwa kazi yake. Mtoto anayekuja mbio akilia si lazima awe ndiye aliyepigwa. Pengine ni yule mwenye miguu myepesi zaidi.

Na katika mambo ya ardhi hasa, iko habari iliyopokewa katika vitabu vya tarehe kuhusu nyumba ya Sayyidna Abbas (r.a.), ami yake Mtume. Yapata mwaka wa 17 Hijria, Sayyidna Umar (r.a.) alitaka kuupanua Msikiti wa Madina, kwa maana watu wamekuwa wengi. Alinunua nyumba zilizouzunguka, ikabaki ya Abbas. Umar akampa hiari ya mambo matatu: aiuze kwa fedha ya Baitul Mal, au apewe mahali pengine Madina na ajengewe, au aitoe sadaka kwa Waislamu. Abbas akayakataa yote matatu. Sasa mtazame Umar. Yeye ndiye Amiri wa Waumini, majeshi yake yanapigana Shamu na Iraki, na haja yake si kasri bali ni msikiti. Lau angalituma watu wenye sururu, nani angalimzuia? Badala yake walikubaliana wamweke mwamuzi baina yao, naye ni Ubayy bin Kaab (r.a.). Ubayy akawasikiliza, akamhukumia Abbas. Umar akaikubali hukumu. Hapo ndipo Abbas, baada ya kwisha kupewa haki yake, akaitoa nyumba ile sadaka kwa ridhaa yake mwenyewe.

Wako wanaoisoma habari hii wakaona kwamba safari yote ilikuwa ya bure, maana nyumba iliingia msikitini vile vile. Mimi naona hapo ndipo penye maana yake. Ukitazama kuta, matokeo ni yale yale. Ukimtazama Abbas, mambo mawili hayo yametengana kama mashariki na magharibi.

Ubayy huyo huyo aliwahi kuwa na madai yake mwenyewe juu ya Umar, wakaenda nyumbani kwa Zaid bin Thabit (r.a.) awaamue. Yapokewa kwamba Zaid alimtengea Umar mahali pa heshima pa kukaa, na Umar akamkemea kuwa huo ndio udhalimu wake wa kwanza, akaenda kukaa sawa na mdai wake. Msomaji aiweke habari ya kiti hicho kichwani, kwani tutaihitaji mbele.

Turudi kwetu. Mjerumani alipokwisha kushika nchi alitoa amri tarehe 26 Novemba 1895 kwamba ardhi yote isiyo na mwenyewe ni ya dola, isipokuwa ile ambayo mtu, au jumbe, au jamaa ya wenyeji ataweza kuthibitisha kuwa ni yake. Maneno hayo yasikika kama yana huruma ndani yake. Lakini tazama ni nani aliyetwishwa mzigo wa kuthibitisha: mkulima ambaye hati yake ni mwembe uliopandwa na babu na kaburi lililo chini yake. Na ardhi ya mapumziko, ambayo wakulima wetu huiacha miaka kadhaa ipate nguvu, kwa macho ya mgeni haikuwa na mwenyewe. Mwingereza naye akaja na Sheria ya Ardhi ya 1923, akaiweka ardhi yote ya Tanganyika, yenye watu na isiyo na watu, chini ya mamlaka ya Gavana, itumike kwa manufaa ya wenyeji. Mwaka 1928 sheria hiyo ikaongezwa maneno ya kutambua kwamba mwenyeji anayekaa juu ya ardhi kwa mila na desturi yake naye ana haki ya kuikalia. Haki hiyo haikuandikwa kwenye karatasi yoyote mkononi mwake, na hilo likaja kuwa taabu baadaye.

Taabu hiyo ilidhihirika kwa Wameru. Baada ya tume ya Jaji Wilson kutoa mapendekezo yake juu ya ardhi za Arusha na Moshi, serikali ya kikoloni iliamua kuwaondoa Wameru Ngare Nanyuki ili yapatikane mashamba 13 ya Wazungu. Wameru walikataa kuhama. Tarehe 17 Novemba 1951 askari wakaanza kuwaondoa. Watu wapatao 3,000 walitolewa, na nyumba zao zikateketezwa. Wameru wakachanga fedha, na mwaka 1952 Bwana Kirilo Japhet, pamoja na mwanasheria Earle Seaton aliyekuwa na ofisi Moshi, wakafika New York mbele ya Baraza la Udhamini la Umoja wa Mataifa. Baadaye mwaka huo shauri lilifika katika Baraza Kuu. Kamati ya Nne iliunga mkono Wameru. Baraza lenyewe halikutoa theluthi mbili za kura zilizohitajika. Basi ardhi haikurudi.

Je, Wameru walisikilizwa? Walisikilizwa, lakini baada ya majivu kupoa. Na walisikilizwa na watu wa New York ambao hawakuwa na uwezo wa kurudisha hata bati moja. Jambo walilolipata ni jingine: Kirilo aliporejea alizunguka nchini kueleza yaliyotokea, na watu wa makabila mengine wakaelewa kwamba lililowafika Wameru laweza kuwafika na wao. TANU ilipozaliwa mwaka 1954 iliikuta nchi imekwisha kuisikia habari ya Ngare Nanyuki.

Uhuru ulipokuja wengi walidhani kwamba mlango uliokuwa umefungwa sasa utakuwa wazi. Ukweli wahitaji kusemwa bila ya chuki: mambo mengine yalifunguliwa na mengine yakafungwa upya. Sheria ya Utwaaji Ardhi ya 1967 ilimpa Rais uwezo wa kutwaa ardhi kwa manufaa ya umma kwa kutoa taarifa na kulipa fidia. Lakini mwaka huo huo ikapitishwa sheria ya mashauri dhidi ya serikali, ambayo baada ya kurekebishwa mwaka 1974 ilimtaka mwenye malalamiko apate kwanza idhini ya serikali ndipo aishitaki. Yaani umwombe ruhusa yule uliye na kesi naye. Mambo yakakaa hivyo mpaka mwaka 1993, Mahakama ya Rufani ilipotamka, katika shauri la Kukutia Ole Pumbun na mwenzake kutoka Arusha, kwamba sharti hilo lilipingana na Katiba. Mwaka uliofuata Bunge likaweka badala yake taarifa ya siku 90.

Na katikati ya miaka hiyo ikapita Operesheni Vijiji. Kuanzia mwaka 1973 hadi 1976 mamilioni ya watu walihamishwa wakakae vijijini. Sitaki kuyahukumu mambo yote ya wakati ule, kwani shule na zahanati nyingi za bara zilipatikana kwa njia hiyo. Lakini watu walipopelekwa vijijini, shamba la huyu lilikatwa likapewa yule, na mwenye shamba hakuitwa popote kuulizwa, wala hakulipwa. Watu walinyamaza. Miaka ya themanini ilipofika, na upepo wa siasa ukabadilika, wenye mashamba ya zamani wakaanza kwenda mahakamani, na mahakama zikaanza kuwapa.

Mmojawapo alikuwa Mzee Lohay Akonaay na mwanawe Joseph Lohay, wa kijiji cha Kambi ya Simba, Mbulumbulu, Wilaya ya Mbulu kama ilivyokuwa siku zile. Leo huko ni Karatu. Januari 1987 walifungua kesi katika Mahakama ya Hakimu Mkazi, Arusha, kudai ardhi yao ya kimila. Walishinda, wakarudishiwa. Aliyeshindwa akakata rufaa Mahakama Kuu, na rufaa hiyo ilipokuwa ingali inangoja, Bunge likapitisha Sheria Namba 22 ya 1992, ikaanza kazi tarehe 28 Desemba 1992.

Msomaji ayapime yaliyomo katika sheria ile. Ilifuta haki za kimila juu ya ardhi katika vijiji vilivyoanzishwa wakati wa operesheni. Ilikataza kulipwa fidia kwa haki hizo zilizofutwa. Iliziondolea mahakama uwezo wa kusikiliza mashauri hayo. Kesi zilizokuwa zinaendelea ilizikatisha, na hukumu zilizokwisha kutolewa ilizuia zisitekelezwe. Kisha ikaunda baraza lake lenyewe, ikalipa peke yake kazi ya kuyaamua mambo hayo. Mzee Akonaay, aliyekuwa amefuata njia zote za halali, akaambiwa kwamba ile njia aliyoipita haikuwapo.

Haifai kuificha hofu ya serikali. Katika mashamba yale walikwisha kukaa watu wengine, waliopelekwa na serikali hiyo hiyo, wamejenga, wamezaa, wamezika. Kama kila mwenye shamba wa zamani angelirudi kwa amri ya mahakama, nao hao wangelikuwa wa kuhamishwa mara ya pili. Lakini mimi husema kwamba hofu hii ndiyo iliyozidi kuhitaji baraza la kusikiliza, maana hapa wenye haki walikuwa wawili, na wote wawili wana la kusema. Kuufunga mlango wa mahakama hakukumpa hata yule aliyelimilikishwa shamba utulivu wa moyo. Alijua kuwa amelindwa kwa mwenziwe kuzibwa mdomo.

Baba na mwana wakaishitaki sheria yenyewe. Jaji Munuo wa Mahakama Kuu, Arusha, akawakubalia kwamba yapingana na Katiba. Mwanasheria Mkuu akakata rufaa. Tarehe 21 Desemba 1994 Mahakama ya Rufani, wakiwa Jaji Mkuu Francis Nyalali na Majaji Makame na Kisanga, wakatoa hukumu ambayo kwa maoni yangu yastahili kusomwa katika kila nyumba yenye shamba. Upande wa serikali ulisema kwamba mtu anayekalia ardhi kwa mila hana mali ya kulindwa na Katiba. Mahakama ikajibu kuwa haki ya kimila ni mali, na kwamba kusema vinginevyo ni kuwafanya watu wengi wa Tanzania Bara kuwa wavamizi tu katika nchi yao. Ikasema Rais ameshika ardhi ya umma kwa amana ya wananchi, na mwenye kushika amana hawi yeye mwenye kufaidi. Ikasema pia kwamba mtu aliyeitolea jasho ardhi, hata kama hakujenga wala kupanda miti ya kudumu, astahili fidia ya haki akinyang'anywa. Na juu ya ule mlango wa mahakama uliofungwa, ikaufungua: Bunge haliwezi kumnyima mtu njia ya kufika mbele ya mahakama na kukipa chombo kingine kazi hiyo peke yake. Haikuifuta sheria nzima, bali vile vifungu vilivyozuia fidia na kuzuia mahakama.

Neno amana latujia tangu utotoni, na nafurahi kuliona limefika katika hukumu ya Jaji Mkuu.

Msingi wa haya yote upo katika Katiba yenyewe, ibara ya 13(6)(a), iliyotiwa katika mabadiliko ya mwaka 1984: haki ya mtu ikifika mahali pa kuamuliwa na mahakama au na chombo kingine chochote, apewe nafasi ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na nafasi ya kukata rufaa. Zingatia maneno ya chombo kingine chochote. Yaingia humo kamati, na baraza, na ofisi. Katika shauri lililotoka Mbeya, jirani kabisa na Songwe, baina ya kampuni ya Mbeya-Rukwa Autoparts na Bibi Jestina Mwakyoma, lililochapishwa katika taarifa za sheria za mwaka 2003, Mahakama ya Rufani ilisema kwamba kusikilizwa si kanuni tu tuliyoirithi kwa Waingereza, bali kwetu ni haki ya kikatiba. Na katika maombi mengine ya mwaka 2002 mahakama hiyo ilikwenda mbele zaidi: uamuzi uliotolewa bila kumsikiliza mtu ni batili hata kama angesikilizwa na uamuzi ukawa ule ule. Nilipoisoma kauli hiyo nilimkumbuka Sayyidna Abbas na nyumba yake.

Sasa tuitazame Tunduma ya leo. Barabara kuu ya kwenda Zambia yapita hapo, reli ya TAZARA iliyokabidhiwa mwaka 1976 yapita hapo, na Oktoba 2019 kilifunguliwa kituo cha pamoja cha mpakani baina ya Tunduma na Nakonde. Mkoa wa Songwe wenyewe ulianzishwa mwaka 2016, makao yake makuu yakawa Vwawa. Mkoa mpya wataka ofisi, mji wa mpakani wataka maegesho ya malori, na kila mji unaokua huyakuta mashamba ya watu mlangoni pake. Kwa hiyo vijiji vya Momba na Mbozi vyahitaji kuijua sheria kuliko vijiji vingi.

Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Namba 5 ya 1999, iliyoanza kutumika Mei 2001, haisemi kwamba ardhi ya kijiji haitwaliwi. Inasema ikitakiwa kutwaliwa, taarifa itolewe yenye kueleza ni eneo gani na kwa sababu gani. Wanaoguswa wapewe habari. Mkutano Mkuu wa Kijiji ukae. Na Kamishna wa Ardhi au aliyemwakilisha afike pale kueleza na kujibu maswali. Eneo likiwa chini ya hekta 250 Mkutano Mkuu ndio unaokubali au kukataa. Likizidi hapo, Waziri ndiye anayeamua baada ya kuyazingatia mapendekezo ya Mkutano. Na ardhi isihamishwe mpaka fidia imekubaliwa. Fidia hiyo huhesabiwa kwa bei ya soko, pamoja na posho ya usumbufu na gharama za kuhama. Hapa ndipo kile kiti cha Zaid kinapotufaa. Mara nyingi mkutano hufanywa, watu huitwa, lakini afisa hukaa mezani na ramani iliyokwisha kupigwa muhuri, na mwanakijiji huulizwa kama ana swali. Huko ni kuarifiwa. Kusikilizwa ni pale ambapo jibu la mwanakijiji laweza kuibadilisha ramani.

Ukitokea ugomvi baina ya wananchi wenyewe, ziko ngazi zilizowekwa na sheria ya mwaka 2002: baraza la kijiji, la kata, baraza la ardhi na nyumba la wilaya, kisha Mahakama Kuu na Rufani, na tangu mwaka 2021 baraza la kata limebaki na kazi ya kusuluhisha tu. Lakini anayegombana na serikali hapiti njia hiyo, na wengi hupoteza miaka kwa kutoijua tofauti. Tangu marekebisho ya mwaka 2020, hata halmashauri ya mji na ya kijiji zimeingia katika hesabu ya serikali. Mwenye madai aandike taarifa ya siku 90 kwa anayemlalamikia, ampe nakala Mwanasheria Mkuu, kisha afungue shauri Mahakama Kuu, na Mwanasheria Mkuu aunganishwe. Akiachwa, shauri lote huharibika. Kwa mjane wa kijijini mwenye ekari mbili, mlango ambao Mzee Akonaay aliufungua umekuwa mbali kidogo, na nauli yake ni yake mwenyewe.

Na siku 90 ni nyingi kwa mtu ambaye tingatinga limekwisha kusimama ukingoni mwa shamba lake. Kwa ajili hiyo Mahakama Kuu imewahi kutoa amri za kuzuia kwa muda, mambo yabaki kama yalivyo mpaka siku hizo ziishe na shauri lifunguliwe. Ombi la namna hiyo hupelekwa kwa hati ya kiapo, na pamoja nayo huambatishwa nakala ya ile taarifa ya siku 90, yenye mhuri wa ofisi iliyoipokea na tarehe yake.